T Mbili za Wimbo wa Kutua

Mmeniomba, ninyi mliobaki studio, niwaandikie niliyojifunza kazini, na Mwanaisha akasisitiza yasiwe marefu kwa sababu printa imechoka. Nitajitahidi. Vyeo sitavieleza. Nilipata viwili tu katika miaka yote, na cha pili kilikuwa sawasawa na cha kwanza, isipokuwa nilipewa ufunguo wa choo. Nitaeleza kazi, na nikifika kwenye ule wimbo mtanivumilia nikikaa hapo kidogo, kwa maana ndio uliokaribia kutufungia mlango, na mengi mliyoyasikia juu yake mitaani ni uongo. Hatukulipwa na wagema. Walituletea zawadi tu, tena hatukuipokea.

Nilikuja studio kutengeneza feni. Nilikuwa nimetoka kusomea ufundi wa redio katika chuo kile cha karibu na Buxton, na mtu akaniambia kuna bibi mmoja wa mtaa wa Kuze ana feni mbovu. Studio ilikuwa chumba kimoja ghorofa ya pili, juu ya duka la kofia la Mzee Mbarak. Zamani kilikuwa ghala ya karafuu, na hadi leo mvua ikinyesha kuta zinanuka pilau. Magodoro ya sufi yalitundikwa ukutani kuzuia kelele. Mwenyewe alikuwa Bi Rukia, mtoto wa nyumba ya zamani ya papo hapo Kuze, mfupi, miwani puani, mwenye sikio ambalo mji mzima ulilijua. Watu walisema akiwa jikoni kwake aliweza kusikia mtu akikosea herufi kwenye baraza ya jirani, akatuma mtu aende akamsahihishe. Nilidhani ni chuku.

Basi nikiwa juu ya ngazi nikamwambia paa lake linavuja, na maji yatakuja kuharibu mitambo. Akaniamuru nishuke. Akafungua droo akatoa kipande cha shashi, ile karatasi nyembamba ambayo Mzee Mbarak alifungia kofia, akakishika kwa ncha za vidole mbele ya midomo yangu. Akaniambia nitaje paa la nyumba. Nikataja, shashi ikatulia. Akaniambia nimtaje paa wa mwituni, yule mnyama. Nikamtaja, shashi ikaruka.

"Wewe ni wetu," akasema. "Feni iwate."

Nikaiacha, na feni ile haijatengenezwa mpaka leo. Ndivyo nilivyoajiriwa.

Kwa yeyote atakayesoma haya na si mtu wa hapa, nieleze. Sisi watu wa mji wa kale tuna p mbili, t mbili na k mbili. Moja hutoka kavu, ya pili hutoka na pumzi. Kaa la moto ni kavu, kaa wa ufukweni ana pumzi. Kitabuni yanaandikwa sawa, na wenzetu wengi kutoka bara huyatamka sawa, wala hakuna aliyekufa kwa hilo. Lakini kwa mtu kama Bi Rukia, asiyetofautisha hayo mawili alikuwa amemtia mnyama wa pwani jikoni.

Kazi yetu mnaijua, ila niiseme: tunatia sauti. Tamthilia inakuja kutoka nje na lugha yake, tunaitoa lugha ile, tunaweka Kiswahili, na mtazamaji wa Majengo anamwona malkia wa mbali akigomba kama shangazi yake. Kazi yangu ya kwanza ilikuwa maiti. Ilikuwa tamthilia ya Kihindi, na yule maiti, pale alipolazwa, kifua chake kilionekana wazi kikipanda na kushuka. Wengine wangeacha. Bi Rukia alisema kama anapumua, basi apumue kwa Kiswahili, akanisimamisha mbele ya maiki nikapumua kwa niaba yake dakika nne. Nilikosea mara mbili. Alisema napumua kama mtu anayedai haki yake, na huyu ameshakufa.

Baadaye nikawa mpanga midomo, yaani yule anayetafuta neno la Kiswahili litakaloingia katika mdomo wa mtu aliyesema neno jingine kabisa. Kanuni ilikuwa moja: mdomo ukifunga, neno lifunge. Herufi zinazofunga midomo ni m, b na p. Mtu kwenye skrini akifunga midomo na wewe ukampa neno lisilofunga, hata mtoto wa miaka minne atajua kuna udanganyifu. Bahati nzuri Waswahili tuna "hapana" inayofunga na "la" isiyofunga, kwa hiyo kukataa hakujawahi kutusumbua. Kukubali ndiko kugumu. Nilimaliza wiki nzima nikimtafutia bibi harusi mmoja wa Kifilipino namna ya kusema ndiyo.

Kuhusu kelele, jifunzeni saa za mtaa kabla ya kujifunza mitambo. Tulirekodi kati ya adhuhuri na alasiri, mikokoteni ikiwa imepumzika. Tatizo lilikuwa muuza kahawa, ambaye aligonganisha vikombe chini ya dirisha letu kila alipoona limefungwa. Katika tamthilia moja ya vita, mfalme anakata roho katikati ya jangwa na kwa mbali vinasikika vikombe. Mtazamaji mmoja alituandikia kutaka kujua kama yule muuza kahawa alinusurika.

Mutiso alikuja kwetu mwaka ule tulipopungukiwa na sauti nene. Alikuwa Mkamba, karani wa makasha huko bandari ya Kilindini, anakaa Buxton, na Jumapili alikuwa nguzo ya kwaya ya kanisa lao. Alikuwa mkubwa wa mwili na mpole wa kila kitu kingine, hanywi, havuti, na akipanda ngazi zetu aliziomba radhi. Sauti yake ilifanya vikombe vya Bi Rukia vitetemeke kabatini, ikabidi tuvifunge na kanga kabla ya kurekodi. Bi Rukia alimpenda. Alimwambia ana sauti ya kuita jahazi lirudi, ila t zake zote ni kavu. Mutiso alisema asante.

Sasa wimbo.

Tuliletewa tamthilia ya nchi inayoitwa Kelandu. Msiitafute kwenye ramani, haipo. Kuna kampuni huko Ulaya imeitunga yote: milima, wafalme, lugha, hata namna ya kukunja nguo. Katika Kelandu mbingu inabebwa na mnyama mmoja mkubwa mwenye mkonga, anaitwa demmo, ameibeba tangu mwanzo wa dunia. Kila baada ya miaka mia watu wanakusanyika kumwimbia Wimbo wa Kutua, ili aiweke mbingu chini kidogo apumzike, na wao wakati huo wanaishikilia kwa mikono. Ndio wimbo wao mtakatifu kuliko zote.

Pamoja na wimbo kilikuja kitabu cha kanuni kinene kuliko tamthilia yenyewe. Mwimbaji asimame, miguu mitupu. Aelekee kaskazini. Usiimbwe kwa majaribio, wala usivumishwe chooni. Mtu mmoja huuimba mara moja tu maishani mwake, na ukishaimbwa sawasawa katika lugha fulani, lugha hiyo ingoje miaka mia. Lazima awepo Msikilizaji, na mwisho atie sahihi kwamba wimbo umeimbwa. Kampuni ilikuwa imefanya haya kwa lugha zote, na ilisema wazi kwamba atakayekiuka atanyang'anywa tamthilia.

Mahali pengine labda wangecheka wakatia kitabu kabatini. Sisi ni watu wa adabu. Tuliambiwa kitu ni kitakatifu, tukauliza kaskazini ni wapi. Ilikuwa upande wa friji. Viatu tulikuwa tumeshavivua mlangoni miaka yote.

Maneno niliyaandika mimi, na nakiri nilijivuna. Neno gumu lilikuwa demmo, linalokuja mara saba, na kila mara kamera iko midomoni mwa mwimbaji: inafunguka kwa e, inafunga, inafunguka kwa o. Kwetu mnyama huyo tunamwita ndovu. Lakini ndovu haifungi. Nililijaribu mbele ya kioo mpaka mke wangu akaniuliza kama jino linauma. Kisha nikakumbuka jina lake la pili: tembo. E, midomo inafunga, o. Liliingia kama mguu katika kiatu chake. T ya pumzi, bila shaka. Nikaandika hivi:

Ewe tembo mtukufu,
wafalme wameanguka mbele yako,
kila mwenye mzigo hukukimbilia,
aliyekujua hakusahau.
Umetubeba tangu zamani;
leo tua, tukubebe sisi.

Mtu wa hapa ameshajishika kichwa. Tembo la t kavu, kwetu, ni pombe ya mnazi. Halina maana nyingine. Na mimi niliyezaliwa hatua mia kutoka studio sikuliona hilo kwenye karatasi, kwa sababu kichwani mwangu lilikuwa na pumzi yake.

Siku ya kurekodi Mutiso alivua soksi, akalielekea friji, ambalo tulikuwa tumelizima lisivume. Bi Rukia, ndiye Msikilizaji, aliketi mkekani. Mimi nilikuwa na hedfoni masikioni, ninasikiliza Kikelandu na kutazama midomo kwenye skrini, kwa hiyo Kiswahili kilinipita. Sikuwa na wasiwasi. Sikio la kazi hiyo lilikuwa mkekani. Mutiso akaimba. Bi Rukia hakutoa macho midomoni mwake tangu neno la kwanza mpaka la mwisho, na alipomaliza alikuwa analia. Akatia sahihi. Hakuna aliyeuliza swali.

Sehemu hiyo ilionyeshwa Jumamosi saa kumi. Saa kumi na nusu Mzee Mbarak alikuwa mlangoni kwetu na wazee wengine wawili. Alisalimu, akauliza hali yangu, ya mama watoto, ya watoto mmoja mmoja, akauliza na ile feni. Kisha akasema wao wamekuja kwa kheri kabisa, ila wanataka kujua kama studio imekodishwa kwa wagema. Alikuwa ameumia kweli. Yeye na mkewe waliifuata Kelandu tangu sehemu ya kwanza, alikuwa ameanza kulia kwa ajili ya yule mnyama, na mara mwimbaji akaanza kuitukuza pombe.

Nikasikiliza upya. Mara saba. Kavu, kavu, kavu. Na kila mstari uliingia, hilo ndilo lililonivunja nguvu. Wafalme wameanguka mbele yake, ndiyo. Kila mwenye mzigo huikimbilia, ndiyo. Sikuwahi kuandika jambo la kweli zaidi kuhusu pombe.

Wiki hiyo wimbo ulitoka nje ya mikono yetu. Kilindini wapakuzi waliuimba kila kasha liliposhushwa na winchi, leo tua, tukubebe sisi. Wagema wawili walivuka daraja wakiwa wamevaa vizuri sana, na dumu la tembo, kuja kutushukuru. Walipita mbele ya duka la kofia, na Mzee Mbarak aliwasindikiza kwa macho mpaka ngazini. Kwaya ya Mutiso ilimwomba apumzike kidogo. Alikuja kwangu akiwa mnyonge.

"Mimi sijawahi kuonja hiyo kitu, Twaha. Niliimba ndovu."

Nikamwambia aliimba tembo. Akasema tembo ni ndovu. Nikamwambia huko kwao.

Kisha ikaja barua ya kituo cha televisheni: wimbo urekebishwe kabla ya mwisho wa mwezi, la sivyo Kelandu inaondolewa. Hatukuwa na kazi nyingine mwaka ule. Kelandu ikiondoka, Bi Rukia anafunga, na sisi sita tunashuka ngazi kwa mara ya mwisho. Na kurekebisha tusingeweza, kwa sababu kitabu kilikataza Kiswahili kuimba tena kwa miaka mia.

Lakini kilichonikosesha usingizi kilikuwa kingine. Bi Rukia alikuwa pale, hatua mbili kutoka kwa mwimbaji, na t saba kavu zimempita. Nikaanza kukumbuka mambo. Mwaka mzima alikuwa anatukataza kuzungumza naye tukiwa nyuma yake, akisema ni utovu wa adabu. Muuza kahawa alipogonganisha vikombe, hakugeuka. Siku moja nikafanya jambo ninaloona aibu kuliandika. Alikuwa anatazama skrini, nikasimama mgongoni pake na karatasi, nikasema kwa sauti kamili kwamba paa wa nyumba anavuja na paa la mwituni linakimbia. Hakutikisika. Nikazunguka mbele yake nikauliza imekaaje. Akasema vizuri.

Niliteremka mpaka chini, nikakaa kwenye ngazi. Nilimhurumia, na niliogopa pia, kwa sababu sikio lile ndilo studio yenyewe. Kote mjini watu walituletea kazi wakijua Bi Rukia atasikiliza. Miaka thelathini ya kutazama midomo ya watu ilikuwa imemfundisha kusoma kila neno tunalosema, akaendelea nasi bila mtu kujua. Ila midomo haionyeshi pumzi. Tembo wa mwituni na tembo la mgema, kwa macho, ni kitu kimoja.

Niliamua nitanyamaza, na ikibidi nitasingizia maiki.

Wiki ya pili kampuni ilimtuma mtu. Alikuwa mwanamke kijana, jina lake Petra, amevaa ndala, na kazi yake, kama ilivyoandikwa kwenye kadi, ilikuwa kulinda utakatifu wa Kelandu katika nchi za nje. Habari ya pombe haikumhusu. Alikuwa amepata fununu kwamba mwimbaji alikaa. Tulimwonyesha video, akaona Mutiso amesimama, akapumua kwa faraja. Nilimweleza basi habari ya t mbili. Alifungua kitabu akasoma kwa muda mrefu, akasema jambo hili linahitaji baraza.

Tukaketi baada ya alasiri, sote chini, kwa kahawa na kaimati. Mzee Mbarak aliwakilisha mtaa. Mimi nilikuwa mkalimani. Bi Rukia aliketi mahali alipoweza kuiona midomo yote, na ni mimi peke yangu niliyejua kwa nini.

"Hawa Wakelandu ni watu wa wapi?" Mzee Mbarak akaanza.

Nikamwambia hawako.

"Walikufa?"

"Hawajapata kuwako, mzee wangu. Wametungwa."

"Na huyu bibi ametoka kwao kote huko kuja kuutetea wimbo wa watu wasiokuwako?"

Nikamtafsiria Petra. Akasema ndiyo, kwa ajira ya kudumu.

Mzee Mbarak akafikiri. "Wana bahati watu hao," akasema. "Sisi tulioko hatuna wa kutusemea."

Petra akasoma kanuni, nami nikaifasiri neno kwa neno. Iwapo wimbo uliimbwa kwa demmo, basi umeimbwa, na hauwezi kurudiwa. Iwapo uliimbwa kwa kinywaji, basi haujaimbwa kabisa, Mutiso hajautumia wimbo wake, na Kiswahili kiko huru. Wa kuamua si kampuni wala mtaa. Ni Msikilizaji, kwa alichokisikia siku ile.

Wote wakamgeukia Bi Rukia.

Ninyi mnaona njia ilivyokuwa. Akisema alisikia mnyama, mtaa utaliamini sikio lake, sifa yake inabaki, Kelandu inaondoka, na Mutiso hatarudi kwenye kwaya yake. Akisema alisikia pombe, watauliza kwa nini alitia sahihi. Mzee Mbarak alikuwa anamtazama kwa heshima ileile ya siku zote, na nilijua kesho yake, sala ya alfajiri ikiisha, jibu lolote litakuwa limefika Kibokoni. Nikaingilia. Nikasema huenda maiki ilikuwa na kasoro, pumzi ikapotea njiani. Bi Rukia aliinua mkono.

"Maiki haina neno," akasema. "Sikusikia."

Mzee Mbarak akauliza hakulisikia neno lipi.

"Sikusikia wimbo. Sisikii kitu, Mbarak, mwaka wa pili huu. Hata adhana naiona kwa watu wakiinuka."

Sikuifasiri. Petra alinitazama mara moja, akaelewa kwamba asiulize. Mutiso aliinamisha kichwa. Nilimwona Bi Rukia ameshika kitambaa chake magotini kwa mikono miwili, akingoja, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue niliona anaogopa.

Mzee Mbarak akakiweka kikombe chini. Akainuka, na si rahisi kwake, ana goti. Akazunguka sahani ya kaimati, akaketi mbele ya Bi Rukia, karibu, uso kwa uso, pale mwanga wa dirisha ulipoangukia mdomo wake. Kisha akaanza upya kabisa, kana kwamba ndiyo kwanza anaingia.

"Masalkheri, Bi Rukia. U hali gani? Wa nyumbani hawajambo?"

Akamwamkia yote, moja moja, polepole, mpaka mwisho wake. Na Bi Rukia akamwitikia yote.

Hapo nikamfasiria Petra kwamba Msikilizaji hakusikia, naye akaandika katika fomu yake: wimbo haujasikiwa, basi haujaimbwa.

Siku kumi Mutiso alijifunza kupumua. Alitembea na shashi mfukoni, na pale bandarini alionekana amesimama kati ya makasha akiipulizia karatasi jina la mnyama. Siku ya kurudia alivua soksi, akalielekea friji. Bi Rukia hakukaa mkekani mbali safari hii. Petra alitafuta kanuni inayokataza Msikilizaji kusimama, au kusikiliza kwa karatasi, hakuiona, akakubali. Bi Rukia akasimama mbele ya Mutiso, kichwa chake kikifika kifuani pa yule bwana, akainua mkono na shashi mbele ya midomo yake. Mara saba karatasi iliruka. Kila iliporuka alitikisa kichwa kukubali, na ya saba ilipopita akatugeukia.

"Huyo ni ndovu," akasema, akatia sahihi.

Mtikisiko wa karatasi uliingia katika maiki, na mkisikiliza vizuri mtausikia. Tuliandika barua ya kuomba radhi. Kampuni ilijibu kwamba hiyo ndiyo sauti ya sikio la demmo likipunga, kwamba hakuna lugha nyingine iliyofikiria jambo hilo, na kwamba kitabu cha kanuni kimeongezwa ukurasa. Mzee Mbarak na mkewe walilia mpaka mwisho. Kwaya ilimrudisha Mutiso, ingawa huko Kilindini bado wanaimba ile ya kwanza.

Nilidhani kazi zitapungua mji ukijua. Zilipungua kwa mwezi mmoja. Kisha watu wakaanza kuleta waimbaji na watangazaji wao, wakitaka wapimwe kwa karatasi, kwa sababu sikio laweza kumpendelea mtu na shashi haimjui. Bi Rukia aliendelea hivyo mpaka miguu ilipokataa ngazi. Siku ya mwisho alinipa droo. Hakunihutubia. Alisema nisinunue shashi nene.

Nikakaa kwenye kiti chake, na Mwanaisha akakaa kwenye changu. Mengine mliyaona wenyewe, isipokuwa la mwezi wa mwisho, ambalo aliliona yeye peke yake.

Alikuwa anasoma mstari wa tamthilia mpya, kuhusu paa aliyeruka juu ya paa, nami nilikuwa nimempa mgongo nikipanga karatasi. Nikahisi chumba kimetulia. Nikageuka, nikaona ameshamaliza na anangoja. Nikaona mdomo wake ukiuliza imekaaje. Nilikuwa na neno "vizuri" tayari ulimini, na kichwa kilishaanza kuinama.

"Sikusikia," nikamwambia.

Alizima mtambo, akavuta kigoda chake, akazunguka nacho meza na kukiweka mbele yangu, karibu, upande wa dirisha. Akavua hedfoni.

"Shikamoo," akaanza.

Nikaitika marahaba, nikafungua droo ya shashi.